Kinundu Kwenye Waya

Gari lilikuwa limeshatoka getini fundi cherehani alipokiona kile kidude cheusi mezani, katikati ya vipande vya vitambaa.

Alikikata jana mwenyewe, kwa mkasi wake wa kazi. Kilikuwa kinundu kwenye waya wa taa za ukungu alizokuwa akizifunga kwenye gari lao, na yeye hajawahi kuvumilia kinundu. Akaunga ncha mbili, akazungushia tepu, kazi ikatoka safi kama pindo la suti.

"Mume wangu, kumbe ulikosea kazi, ungekuwa fundi magari!" mkewe alimtania asubuhi hii, akimfunga mtoto mkanda kiti cha nyuma.

Sasa akakibinya. Kikafunguka kama kisanduku. Ndani ilikaa fyuzi nyekundu, ndogo kuliko kifungo cha koti, ile inayokata umeme kabla waya haujaungua.

Akatoka mbio pekupeku, futi ya kupimia ikimning'inia shingoni.

Barabarani, ndani ya ukungu, kulikuwa na harufu ya plastiki inayoungua. Taa za nyuma zilikuwa bado zinaonekana, karibu na kona. Akapunga mikono yote miwili, akapiga kelele mpaka koo likamkauka.

Dirisha likashuka. Mkono wa mkewe ukatoka, ukampungia. Honi ikalia mara mbili, kwa furaha, na gari likaongeza mwendo.