Kituo cha Mwisho ni Jikoni

"Kaza kamba, mama! Huyo bado anapumua."

Wageni wakaangua kicheko. Mwalimu mstaafu, bibi wa miwani minene, akakaza kamba shingoni mwa fundi bomba. Fundi bomba akatoa ulimi, akarusha miguu, akafa vizuri kabisa juu ya ngazi za mawe. Mke wake akampiga picha.

"Hapa ndipo alipokufa hakimu," mtembezaji akawaambia. "Damu yake ilichuruzika mpaka kwenye ule mfereji."

Fundi bomba akainuka, akajipangusa vumbi. "Na mimi nitaua lini, dada? Tangu asubuhi nakufa tu."

"Vumilia. Kituo cha mwisho ni jikoni, na muuaji ni wewe."

"Tutaona," mkewe akasema. "Nyumbani hata panya humkimbia."

Hiyo ndiyo ilikuwa kazi ya mtembezaji: kuwapitisha wageni kwa miguu katika mji mkongwe, kila mahali palipopigwa picha za ile tamthilia ya mauaji iliyokuwa ikiwakalisha watu mbele ya televisheni kila wiki. Kila kituo mmoja anaua, mwenzake anauawa. Langoni mtu huchomwa kisu cha mpira. Penye kisima hupigwa jiwe la sponji. Watu hulipenda hilo kuliko historia ya kuta.

Yeye mwenyewe tamthilia hiyo hakuwahi kuitazama. Nani atake kumwona dada yake akifa upya? Maana lile jiko la mwisho halikujengwa na watu wa televisheni. Lilikuwa jiko la dada yake wa tumbo moja, na humo alinyongwa kwelikweli, mchana kweupe, kwa kamba ya aproni yake mwenyewe.

Mtunzi wa tamthilia alikuwa shemeji yake, mume wa marehemu. Baada ya msiba alihama nyumba ile, akaimimina huzuni yake kwenye karatasi, watu wakamlilia. Ndiye aliyemtafutia mtembezaji kazi hii, na ndiye aliyemsimulia tukio la jikoni linavyoonyeshwa: muuaji ananyonga, kisha anatimka kwa mlango wa uani.

Lakini mtembezaji alijua zaidi ya hayo. Siku ile yeye ndiye aliyefika wa kwanza. Alimkuta dada sakafuni, uso umevimba, macho yamemtoka. Na sufuria ya maharage, ambayo ilipaswa kuwa motoni, ilikuwa imeepuliwa. Ilikuwa imetuliwa mezani juu ya kitambaa kilichokunjwa vizuri, mbao zisiungue, na imefunikwa kifuniko chake. Kwa kuchanganyikiwa akamwaga maharage, akaiosha sufuria, akaianika, polisi hawajafika. Siku kama hiyo mtu hajui mikono yake inafanya nini.

Polisi walisema ni mwizi. Siri ya sufuria hakumpa mtu, hata shemeji, asije akamtonesha kidonda. Waliokuwa wakiijua ni yeye na aliyeua. Na watu husema muuaji hurudi alipoua. Basi na arudi! Ndiyo maana kila ziara aliteleka sufuria ya maji, akasimama kando ya kikaango cha chuma kilichoning'inia ukutani, akangoja.

Wageni wakajipanga jikoni wamebanana. Mwalimu mstaafu akajitolea kufa.

"Utanisamehe, mwalimu," fundi bomba akasema, kamba ya aproni mkononi.

"Niue upesi, baba, mgongo unaniuma."

Akamnyonga. Bibi akakoroma, akajilaza taratibu sakafuni. Maji yalikuwa yanatokota. Wageni wakasogea kumpisha muuaji kwenye mlango wa uani.

Fundi bomba hakutimka. Alizima jiko. Akachukua kitambaa, akakikunja vizuri, akakilaza mezani. Akaepua sufuria, akaitua juu yake. Akaangaza macho huku na huku akitafuta kifuniko, akakiona, akafunika.

"Nani kakufundisha hivyo?" Mtembezaji hakuitambua sauti yake mwenyewe.

Fundi bomba akamkonyeza. "Ah, dada! Kuua ni kuua, lakini chakula kina kosa gani?"

Kikaango kilimpata juu ya sikio.

Wageni wakapiga makofi. Pigo la pili likamvunja taya, meno yakaruka mpaka kwenye sinki, na mtu mmoja nyuma akapiga mbinja. La tatu likamwangusha. La nne likamkuta chini, na fuvu likabonyea kama debe. Damu ya moto ikamrukia mwalimu mstaafu aliyekuwa bado amejilaza. Ikamwingia mdomoni. Akaionja, akapiga ukelele, na hapo ndipo makofi yalipokatika.

"Ndiye!" mtembezaji akahema, kikaango kinachuruzika. "Ndiye aliyemuua dada yangu! Habari ya ile sufuria hakuijua mtu mwingine!"

Mke wa fundi bomba alikuwa amepiga magoti, amekipakata kichwa kisichotambulika tena. "Sufuria gani, mwanamke we? Sufuria gani? Si wameionyesha jana! Nchi nzima imeiona!"

Mtembezaji akamgeukia mwalimu mstaafu. "Eti ni kweli, mama?"

"Kweli, mwanangu," bibi akajibu, akijifuta damu mdomoni. "Jana wamelirudia tukio la jikoni, na safari hii wametuonyesha muuaji alivyoepua sufuria akaifunika kabla ya kutimka. Hata mtunzi walimhoji baada ya kipindi, wakamuuliza jambo kama hilo kaambiwa na polisi gani. Akacheka, akasema hakuambiwa na mtu, amelitoa kichwani mwake mwenyewe."