Daraja Lililosahauliwa

Kila alfajiri, katika nyumba ya ibada, Mwanamvua aliusimulia mji wote ili uendelee kuwapo: visima, mapaa, mbuzi, watu kwa majina yao. Waumini waliitikia, "Mji upo!" Akishaifunga hadithi, ni mwiko kuongeza neno hadi kesho yake.

Asubuhi hiyo alikuwa ameshaifunga, anakunja mkeka, jirani yake Kibibi alipomshika mkono.

"Shoga, daraja hukulitaja."

Mwanamvua alitoka mbio miguu mitupu. Daraja lilikuwapo bado, ila hakuna aliyethubutu kulikanyaga. Ng'ambo, mumewe Hatibu, aliyekuwa akirudi kutoka safarini asijue lolote, alikuwa anainua mguu kupanda.

"Usiifungue hadithi, utatuangamiza!" Kibibi, aliyemfuata mbio, alimsihi.

Akaifungua. "Palikuwa na ubao," alinong'ona, na mguu wa Hatibu ukatua. "Mbele yake palikuwa na ubao mwingine." Ukatua.

Katikati ya daraja, Hatibu aliona midomo ya mkewe inacheza. Akatabasamu.

"Unasemaje, mke wangu? Sikusikii!"

Kumjibu ni kuacha kusimulia, na mguu wake ulikuwa umeshainuka.