Shingo ya Fulana

Immakulata alikuwa ameshaweka wembe kwenye shingo ya fulana yake wakati mama mkwe alipomdaka mkono.

"Unaharibu nguo nzima, mkamwana?"

"Inabana, mama. Nikitaka kunyonyesha darasani lazima niipandishe, tumbo lote libaki nje. Na baba mkwe naye anasoma humo humo."

Jioni ile kulikuwa na mtihani wa kisomo cha watu wazima. Mara tatu alishatoka darasani na mtoto analia, akarudi nyumbani bila kuandika kitu.

"Basi baki. Mimi nimezaa tisa, sijui a wala be."

"Mbona baba hamkumwambia abaki?" Sauti ilimtoka kali hata yeye mwenyewe akashtuka. "Barua za mume wangu kutoka kwenye mkonge Tanga nasomewa na jirani, na jirani anacheka kwanza ndipo ananisomea!"

Akauchomoa mkono, akakata. Wembe ulisumbuka kwenye mshono mnene wa shingoni, kisha ukateremka kifuani kwa urahisi, kitambaa kikijikunja huku na huku. Akaivaa hivyo hivyo, nyuzi zikining'inia.

Mama mkwe akamnyakua mtoto mkekani. "Huyu hatoki hapa. Na chakula chake ni wewe."

"Nipe mwanangu, mama."

"Sikupi."

Uani baba mkwe akakohoa mara mbili, kama kawaida yake kila anapotaka kuingia, ili mkamwana ajifiche chumbani asionane naye.

Immakulata hakwenda chumbani. Akageukia mlango wa uani, akasimama katikati yake.