Barua ya Kumwita Zena

Siku hizi barua haitoki nyumbani mpaka aliyeiandika aisome kwa sauti mbele ya kisanduku cha kisahihishi, nacho kiridhike kwamba iko wazi. Tunu alikuwa amesimama mbele ya kisanduku hicho tangu asubuhi, kwa mistari mitatu tu.

"Dada Zena, mama hajambo kidogo. Anataka kukuona. Njoo upesi."

"Haiko wazi. Kama hajambo, upesi wa nini?" kisanduku kikauliza.

"Ee Mola, nipe subira," Tunu akanong'ona. Kwao mtu aliye mbali hapelekewi habari nzito. Huitwa tu, akishafika akakaa, akanywa maji, ndipo huambiwa. Na mama mwenyewe alikuwa hajaambiwa.

Kutoka chumba cha pili mama akacheka kitandani. "Bado mnabishana na hilo sanduku? Mwambie Zena aje na dagaa, basi."

Tunu akaongeza dagaa.

"Haiko wazi. Dagaa ndio sababu ya safari?"

Akafuta, akaandika mama ana homa. Kikauliza ya siku ngapi. Akaandika kachoka, kikauliza kachoshwa na nini. Na meli ya kumleta Zena ilikuwa inaondoka huko kwake jioni ile, nyingine mpaka wiki ijayo. Tunu akaishiwa na subira, akasoma kwa hasira:

"Mama anakufa. Daktari amesema wiki haimalizi."

"Iko wazi. Imekwenda."

Chumba cha pili kitanda kikalia, mama akijiinua.

"Tunu," mama akaita taratibu, "umesema nani, mwanangu?"

Tunu akafungua mdomo, na kila jibu lililomjia halikuwa wazi.