Jaketi la Manase

Innocent alilitupa jaketi juu ya meza ya bosi. Lilikuwa na matundu mawili kifuani, na damu ilikuwa imekauka hadi kitambaa kikakakamaa.

"La Manase hilo," alisema. "Tulilorudishiwa ndilo hilo."

Tahiri, mwenye malori, alilisukuma kando kwa kalamu. Malori yake yalitoka Tanga na unga na mafuta ya askari waliokuwa vitani Kongo, yakapanda milima ambako kila kona ina mtu na bunduki yake. Dereva wake Manase alipigwa risasi akafa huko mwezi uliopita. Sasa zamu ilikuwa ya Innocent.

"Ajali kazini," alisema Tahiri. "Njia ni salama. Hata mama yangu ningempakia."

Mama yake, Bi Tuhfa, alikuwa mlangoni na sinia la chakula cha mchana. Ndiye aliyekuwa akimtengea Manase wali kila arudipo safari. Alilitua sinia, akalikunja lile jaketi taratibu kama nguo ya mtoto, akaondoka nalo.

"Bosi, tusubiri hata wiki mbili tu," Innocent alisema. "Nina watoto mimi."

"Kama huwezi, acha ufunguo. Madereva wamejaa tele Ngamiani."

Kuna watu wameumbwa bila haya. Innocent alichukua ufunguo, akaubamiza mlango nyuma yake.

Siku zilizofuata Tahiri alikula chipsi za kununua, maana mama yake aliaga kwamba anakwenda Tongoni kumwona dada yake. Alikuwa akizitafuna hizo chipsi simu ilipolia.

"Bosi, niko chini ya mlima," alisema Innocent. "Risasi zinalia huko juu. Wenzangu wote wamegeuza. Nami nigeuze?"

"Ugeuze nini? Mzigo unasubiriwa!"

"Tutakufa, bosi."

"Acha woga wa kike! Njia ni salama, nimeshakwambia. Panda!"

Ikasikika simu ikipita mkono hadi mkono.

"Huku kuna baridi, Tahiri," ilisema sauti ya mama yake. "Bora nimelivaa hili jaketi la Manase. Haya Innocent, baba, umemsikia bosi wako. Panda."