Bata Siku ya Mechi

Uvumi niliupata saluni: eti king'amuzi husikia mioyo ikidunda. Nilicheka, lakini haukunitoka.

Sheria ya kebo mnaijua. Chaneli zinafunguka kwa umri wa yule aliye mdogo kuliko wote chumbani. Siku ya mechi tunatoa watoto nje, wanaume wapate mpira wao.

Jumapili ile Mwanaidi wangu alikuwa kwa bibi yake. Sebule imejaa majirani, mechi inaanza, mara skrini ikaleta vibonzo vya wachanga, bata wanaimba.

"Shemeji, mtoto umemficha wapi?" akauliza Chande, mdogo wa mume wangu.

"Labda ni wewe. Akili yako bado inatambaa."

Wakacheka. Nikaenda jikoni kuchukua chai, nikasikia wanashangilia, mpira umerudi. Nikaingia na birika. Bata.

Mume wangu, Kibwana, akanitazama tumbo. Mimba mbili zimeshanitoka, zote baada ya watu kujua. Machozi yakanilenga. Yeye akanipokea birika, akasema, "Jamani, mechi kaangalieni kwa Chande. Leo hapa ni bata."

Sasa mimba ina miezi saba na mtoto anapiga mateke. Nafurahi. Ila siku ile king'amuzi kilimwambia nani mwingine nje ya sebule yetu, sijui.

Basi, wanawake wenzangu:

Msikae na wageni mbele ya king'amuzi kabla hamjapima.

Msikipige makofi, hakijaharibika.

Msimjibu anayeuliza kwa nini bata.

Msinunue nguo za mtoto mapema. Mimi nimenunua soksi tu.