Mgongo wa Sahani

Sahani iliandikwa majina ya watengenezaji wote wa filamu mpya, isipokuwa la Zdravka, aliyezeekea nyuma ya kamera za filamu na televisheni.

“Mama, wewe pumzika. Kamera ataishika mpwa wangu,” mtayarishaji alisema, akijiandaa kuivunja sahani kwenye mguu wa kamera, kama wanavyofungua kila filamu jijini Sofia.

Zdravka alimpokonya sahani. Akaigeuza, akatoa rangi yake ya mdomo, akaandika jina lake likajaa mgongo mzima wa sahani. Kisha akaibamiza, ikasambaratika.

Watu wakainama kuokota vigae vya kuweka kwa bahati. Kila kigae kilikuwa na wekundu wa jina lake.

“Tia mfukoni, mwanangu,” alimwambia mtayarishaji. “Kukitupa ni mkosi.”

Akaweka jicho kwenye kamera. “Haya, niondokeeni kwenye mwanga.”